Kandambili Namba Thelathini na Nane

Jumanne moja ya Desemba, Mwanabaraka alikuwa akipanga soksi za sufu katika ghala la kampuni ya misafara mjini Hayes, pea sita kwa kila mtu, picha zilipoingia kutoka Antaktika. Timu iliyoongozwa na Jules, ambayo mizigo yake aliifunga yeye, ilikuwa imefika kwenye bonde ambalo binadamu hajawahi kulikanyaga, ikakuta nyayo za kandambili, namba thelathini na nane. Nyayo zilizunguka kila ufa wa barafu. Timu ilizifuata, na watu wote wanane wakavuka salama.

Picha ya mwisho ilikuwa ya mlango wa hema la timu. Hapo kandambili zilivuliwa, zikawekwa sambamba, na nyayo za miguu mitupu zikaingia ndani.

"Wewe huyo," alisema Ghalia, mfungaji wa vyakula. "Nani mwengine avue viatu kwenye baridi ile? Shoga, hata huko waogopa kuchafua busati la watu?"

"Si adabu kuingia navyo," alisema Mwanabaraka. Alikaa kitako, akakung'uta theluji iliyokuwa kwenye vidole vya miguu, akaendelea na soksi. Kwa miaka ishirini na miwili, kila alipofunga sanduku la mtu, alimfikiria mtu huyo mpaka afike. Siku hizi nyayo zilikuwa zikimuuma.

Timu iliporudi, ofisi iliagiza ubao wa majina ya waliofika bondeni. Mwanabaraka, ambaye hakuwahi kuomba kitu, aliandika barua kuomba jina lake liwemo. Mama yake kule Wete alikuwa bado hai, na kila akipiga simu humuuliza kazi yake hasa ni nini.

Rakesh, meneja wao, mzaliwa wa Dar es Salaam, alimwita na kumpa chai.

"Bi Mwanabaraka, hakuna anayebisha kwamba ulifika. Jules mwenyewe ameandika. Tatizo hukusaini fomu ya safari."

"Fomu zote nilizichapa mimi."

"Ndiyo. Lakini mahudhurio yanaonyesha siku hiyo ulikuwa hapa."

"Nilikuwapo hapa."

"Sasa unaona, dada yangu."

"Na nyayo?"

"Nyayo tunashukuru sana."

Ubao ulitundikwa ukiwa na majina manane, na bonde likapewa jina la Jules. Picha ya nyayo iliwekwa ukumbini baada ya mtaalamu kuisafisha. Theluji yake ilikuwa nyeupe, haina alama hata moja.

Oktoba alikuja Valentine, kiongozi wa timu mpya. Alisimama mbele ya meza ya Mwanabaraka, kofia mkononi, akamuuliza kwa heshima kama angeweza kuwatangulia kidogo upande wa mashariki, ambako ramani haina kitu.

Mwanabaraka alivuta karatasi.

"Nitajie majina yenu," alisema.

Yalikuwa saba. Aliyaandika polepole, akiuliza herufi moja moja, asije akalikosea la mtu.