Amli ya Mahakama

Asubuhi ile maandishi yalikuwa yamerudi tena. Mwalimu Modesta alitoka na ndoo ya maji, akayakuta yanachungulia ukutani chini ya chokaa, mekundu, makubwa kama mkono wa mtu: NYUMBA HII IMEUZWA KWA AMLI YA MAHAKAMA. Alikuwa amepaka chokaa mara tatu. Rangi ya mafuta haizikwi na chokaa.

Juu ya bati kitu kilikohoa. Tangu amzike Mutayoba, mumewe, bati likipata jua hukohoa vilevile alivyokohoa yeye. Ni Mutayoba aliyepeleka hati ya nyumba benki, akanunua majokofu ya samaki pale Kirumba, kisha akafa na kumwachia mkewe deni na kikohozi.

"Shikamoo mwalimu," jirani yake Gladness aliita kutoka njiani. "Leo mahakamani tena?"

"Marahaba. Leo nashtakiwa mimi."

"Wewe? Si wale wa benki ndio waliouza wakati mahakama imezuia?"

"Wao waliuza nyumba tu, mwanangu. Mimi nimepaka chokaa."

Ndivyo ilivyokuwa. Mwezi Machi mahakama ilitoa zuio: nyumba isiuzwe mpaka kesi iishe. Modesta alilipeleka benki kwa mkono wake. Dada wa mapokezi alilishika kwa vidole viwili kama samaki aliyechina, akakataa kusaini. Wiki moja baadaye dalali alikuja na kipaza sauti, akainadi nyumba Modesta akiwa amesimama mlangoni, akaacha maandishi ukutani. Modesta akaishtaki benki kwa kudharau mahakama. Kesi ikaahirishwa mara nne: mara wakili anaumwa, mara jalada halionekani. Lakini Jumatatu benki ililalamika juu ya chokaa, na leo, Alhamisi, jalada limeonekana.

Mahakamani, ofisa wa benki alikuwa Obedi. Modesta alimfundisha darasa la nne.

"Shikamoo mwalimu," alinong'ona akitazama viatu vyake.

"Marahaba, Obedi. Bado unaangalizia?"

Hakimu aligonga meza. "Mama, lile ni tangazo la mnada wa mahakama. Kulifuta ni kuidharau mahakama."

"Mheshimiwa, mahakama iliandika isiuzwe. Ukuta unasema imeuzwa kwa amri yako. Nani amekudharau?"

Hakimu akamgeukia Obedi.

"Zuio hatukulipokea, mheshimiwa," alisema Obedi. "Hakuna saini yetu."

"Mama, lalamiko lako litasikilizwa Oktoba," alisema hakimu. "Leo tunasikiliza chokaa. Nenda ukaikwangue yote. Na usifute hata herufi moja. Ukirudia, utalala Butimba."

"Nalala Butimba kila siku, mheshimiwa. Ndiko nyumba yangu iliko."

Watu waliangua kicheko. Hakimu hakucheka. "Sisemi upande wa chuo cha ualimu, mama. Nasema upande wa gereza."

Modesta alirudi nyumbani jua likiwa kali. Akachukua kisu cha jikoni, akakwangua. Chokaa ilimwagika miguuni kama unga wa msiba. Herufi zikatoka moja moja, nzima, hazina hata mkwaruzo, kana kwamba zilikuwa zimelala tu zikimsubiri. Bati likakohoa. Hakuinua kichwa.

Alipomaliza alirudi nyuma hatua tatu, akasoma mstari wote kwa sauti, kama alivyosoma madaftari kwa miaka thelathini. Kisha akaingia jikoni, akatoka na kipande cha mkaa.

Hakufuta hata herufi moja. Chini ya AMLI alipiga mstari. Juu yake akaandika AMRI. Chini ya IMEUZWA akapiga mistari miwili. Pembeni, kwa mwandiko wa ubaoni unaosomeka mpaka barabarani, akaandika:

*Herufi: kosa. Habari: uongo. Obedi, rudia. Njoo na mzazi.*

Gladness alisimama njiani, mkono mdomoni. "Mwalimu! Watakufunga!"

Bati likakohoa tena, kwa nguvu, kama mtu anayetaka kumkataza.

"Nyamaza, Mutayoba," alisema Modesta. "Nasahihisha."