Samaki Aliyeachwa Mezani

"Nishikie huyu mpaka Alhamisi, saa sita mchana," mtu yule alisema, akaisukuma ndoo chini ya meza kwa ncha ya kiatu.

Kamili hakuinua uso. Alikuwa amemshika perege kwa mkia, kisu kikipanda kuelekea kichwani, magamba yakimrukia mpaka kwenye nyusi. Ilikuwa Jumatatu asubuhi, mapema kiasi kwamba meza nyingine za kuparia samaki bado zilikuwa zimeegemezwa ukutani, miguu juu.

"Nimpare tu, au nimpasue na tumbo?"

"Usimguse. Nikirudi nimkute kamili."

"Kwangu kila kitu hurudi kamili, ndugu yangu."

"Basi umeahidi?"

"Si nimeshasema?"

Alipoinua uso, mgeni alikuwa tayari anageuka. Alichowahi kukiona ni shati la kijivu, na juu ya mfuko wa kifuani alama ya mraba, mahali palipobanduliwa nembo. Nyuzi bado zilikuwa zimesimama.

Jina hilo la Kamili alipewa kwa sababu ya mayai. Mteja humwachia mpara samaki mfuko wake, akaenda kutafuta nyanya. Huku nyuma wapo wanaochomoa mayai, wengine hata kichwa, kisha wakaapa kwamba samaki mwenyewe ndivyo alivyozaliwa. Yeye hakuwahi. Kilichoachwa mezani pake kilirudi chote, mpaka pezi. Marehemu mumewe alikuwa akimtania kwamba akiachiwa samaki aliyeoza, atamrudisha na harufu yake.

Aliinama kuivuta ndoo iingie kivulini. Maji yakacheza yenyewe.

Akatoa mkono upesi. Kisha akafunua kifuniko kidogo, jicho moja tu. Ndani kulikuwa na samaki mmoja mwembamba, urefu wa kiganja, tumbo jeupe, na ubavuni mstari mwekundu kama uliochorwa kwa kalamu. Alikuwa hai. Alikuwa anamtazama.

"Wifi, kuna nini humo?"

Dada wa marehemu mumewe alikuwa amefika na kisu chake kwapani. Walikaa nyumba moja, vyumba viwili, na meza zao zilipakana. Hakukuwa na siri iliyoishi siku mbili kati yao.

"Samaki."

"Yaani mtu amemleta samaki sokoni kwa wauza samaki? Kesho atapeleka chumvi baharini." Wifi akachungulia, akaruka nyuma. "Huyu yu hai!"

"Naona."

"Wa nani?"

Kamili akamweleza, pamoja na ile alama ya nembo. Wifi alishusha sauti.

"Mtu aliyebandua nembo ni mawili. Ama amefukuzwa kazi, ama yuko kazini sasa hivi."

Kufikia adhuhuri banda zima lilikuwa na maoni. Mpara mmoja alisema ni mpelelezi wa afya. Mwingine alisema ni tapeli: atarudi Alhamisi adai samaki wake amebadilishwa. Wa tatu alisogeza tu meza yake mbali kidogo na ndoo. Hata msimamizi wa soko, ambaye nyuma ya mgongo wake walimwita Bwana Filimbi, alikuja kuangalia. Aliinama juu ya ndoo, filimbi ikining'inia shingoni. Aliponyooka hakufoka wala hakuuliza. Aliondoka kimya, na kimya hicho ndicho kilichomtia Kamili baridi. Bwana Filimbi alikuwa mtu wa kupuliza hata akiona ganda la ndizi.

Jioni aliibeba ndoo nyumbani. Maji yalikuwa yameanza kunuka, na kwa kuwa alikuwa mtu safi, aliyamwaga, akajaza mengine ya bomba, meupe, yanayometa. Alijiona amefanya wema.

Alipomaliza kuosha vyombo, samaki alikuwa amelala ubavu.

Alipiga magoti. Miaka ishirini na saba samaki walikuwa wamepita mikononi mwake, na hakuna hata mmoja aliyewahi kumhitaji awe hai. Hakujua aanzie wapi. Basi akaanzia alikojua: akamsoma kama alivyowasoma wa mezani. Kambare, mwenye sharubu na ngozi tupu, ungemwacha kwenye tope la unyayo wa ng'ombe akakungoja. Kamongo hujizika kwenye matope bwawa likikauka, akalala mpaka mvua irudi. Perege huvumilia bwawa lililotuama, ndiyo maana wengine ukiwapasua hunuka udongo. Lakini huyu? Mkia mgumu, uliochongoka: amezoea kushindana na maji. Matamvua, yale manyoya ya kupumulia chini ya shavu, mekundu na safi, bila chembe ya tope. Huyu ni wa maji yanayokimbia. Maji baridi, yenye mapovu. Na maji ya bomba yana dawa. Hata yeye mwenyewe huisikia puani akinawa.

"Ninakuua kwa usafi," alimwambia.

Akachukua dumu, akakimbia.

Njia ya chemchemi ilipita katikati ya banda la samaki, ikatokea nyuma ya soko, ikafuata bomba kubwa ambamo meza zote zilimwaga maji yao. Hakuwa amepita huko kwa miaka. Pale bomba lilipotemea kwenye mkondo, maji yalikuwa mazito, rangi ya damu iliyochakaa, na nyasi za ukingoni zilimeta magamba. Alisimama. Aliyatambua. Mengine bila shaka yalikuwa yametoka kwenye kisu chake. Kambare mmoja alipanda juu kuvuta hewa, akazama. Mbali na huyo, hakuna kilichosogea.

Hatua hamsini kupanda kutoka kwenye bomba, chemchemini, maji yalikuwa yanaongea na mawe. Akatumbukiza mkono, ukauma kwa ubaridi. Alipokuwa akijaza dumu, kitu chembamba kilipita kati ya mawe, mstari mwekundu, kikapotea. Huenda aliona. Huenda alitaka tu kuona.

Nyumbani aliyamimina maji taratibu, kikombe baada ya kikombe, kutoka juu, ili yaingie na mapovu. Samaki alitikisa pezi moja. Baadaye, la pili.

Jumanne, Bwana Filimbi alimwita ofisini kwake, akafunga mlango. Hakuwahi kufunga mlango.

"Unajua una nini kwenye ile ndoo?"

"Samaki wa mtu."

"Yule ni binti chemchemi. Nilikuwa nikimwona nikiwa mtoto. Ilisemekana wameisha." Alichezea filimbi yake bila kuipuliza. "Sasa nisikilize, mama. Ijumaa wakubwa wa maji wanasaini karatasi kwamba mkondo wa nyuma umekufa, hauna samaki isipokuwa kambare. Ukiwa umekufa, tunaendelea kumwaga kama kawaida. Ukiwa hai, bomba letu linazibwa mpaka lijengwe shimo la kisasa. Hiyo ni miezi. Banda zima mikono kifuani. Wewe, wifi yako, wote."

Kamili alitazama mikono yake. Ilikuwa na magamba mpaka kwenye viwiko.

"Mimi sikujua."

"Najua hukujua. Ndiyo maana nazungumza nawe kwa upole." Akatabasamu, tabasamu la mtu anayepima kitambaa cha mwenzake. "Samaki hufa, mama. Hii si habari. Nani atakuuliza?"

"Mwenyewe ataniuliza."

"Mwenyewe ni nani? Unamjua jina? Kwa nini akuchague wewe kati ya wote hawa?"

Swali hilo alitoka nalo, na likalala naye. Kwa nini yeye? Mgeni yule alikuwa amemwona wapi? Nani alimwambia kwamba yupo mpumbavu mmoja sokoni asiyeweza kula mayai ya mtu? Kila alipofikiria zaidi, aliona ametegwa kama samaki, kwa chambo cha sifa yake mwenyewe.

Jumatano alipanda chemchemini mara tatu, na mara tatu wateja walikuta meza haina mtu. Wenzake waliacha kumsalimu. Habari ilikuwa imeenea. Bila shaka kuna mtu alikuwa ameieneza kwa makusudi. Alasiri aliporudi na dumu, kifuniko cha ndoo kilikuwa kimekaa upande. Alinusa maji. Akaonja tone moja kwa ncha ya ulimi, akatafuta sabuni, akatafuta chumvi. Hakupata kitu. Wifi yake alikuwa ameinamia kazi, anapara kwa nguvu zisizohitajika.

"Umegusa ndoo?"

"Mimi nina kazi, wifi. Sina mtoto wa kunyonyesha kwenye ndoo."

"Nimeuliza tu."

"Hujauliza, umeshtaki. Nina watoto wawili shuleni, unawajua kuliko huyo samaki wako. Wakiziba bomba, utawapikia nini? Ahadi?"

Kamili akarudisha kifuniko mahali pake. Jioni ile aliibeba tena ndoo nyumbani. Aliiweka ndoo chumbani mwake, miguuni pa kitanda, akafunga komeo. Ilikuwa mara ya kwanza kumfungia wifi yake mlango.

Alhamisi kulipopambazuka alitoka kwenda kuchota maji, na kwa haraka akasahau komeo. Alilikumbuka akiwa amekwisha kujaza dumu. Alirudi akikimbia, maji yakimlowesha mgongo, na kabla hajafika mlangoni alisikia: maji yanamwagika.

Wifi alikuwa amechutama juu ya ndoo.

"Acha!"

Wifi hakuacha. Mkononi alikuwa na kikombe. Alikuwa akichota maji ya ndoo, akiyainua juu kadiri mkono ulivyofika, akiyaachia yaanguke. Akachota tena.

"Alikuwa amekuja juu, anahema," alisema bila kugeuka. "Niliingia nimmwage. Kweli kabisa, nilitaka kummwaga, niseme paka. Mshenzi huyu akanitazama." Akavuta kamasi. "Leta hayo maji, umesimama kama nguzo ya nini?"

Kamili akaleta maji. Walipokezana kikombe mpaka samaki akashuka chini, akatulia.

Sokoni alikuta mwanamke mwingine kwenye meza yake. Hakumjua. Mwanamke yule alitazama pembeni, akaendelea kupara, na alipara vibaya, kwa kukata ngozi. Bwana Filimbi alisimama mlangoni mwa ofisi, mikono nyuma.

"Mtu wa kupanda milima hahitaji meza," alisema. "Bado una nafasi, mama. Ndoo hiyo ni nyepesi tu kuimwaga."

Kamili alifunga kisu chake kwenye aproni. Akaenda kukaa nje ya lango, kwenye kivuli chembamba cha ukuta, ndoo kati ya miguu. Ilipofika saa tano kivuli kilikuwa kimebaki upana wa kiganja, akaiachia ndoo kivuli hicho, yeye akakaa juani. Alichota, akamimina. Alichota, akamimina. Ikafika saa sita. Hakuna aliyekuja. Saa sita na nusu mpara mmoja alipita, akacheka: "Bwana harusi amechelewa?" Kamili akafikiri: hakuna anayekuja. Hakujawahi kuwa na anayekuja. Mkono uliendelea kumimina.

Ilikaribia saa saba walipotokea: yule mtu, shati lile lile, na mwanamke wa makamo mwenye viatu vya mpira na daftari.

"Basi liliharibika," mtu yule alisema, akihema. Akapiga magoti, akafunua ndoo, akakaa hivyo muda mrefu. "Yu hai. Mama, yu hai kabisa!"

"Wewe ni nani?"

"Msoma mita tu, wa idara ya maji. Nembo niliibandua mwenyewe. Langoni kwenu nisingepita nayo. Huyu nimemtafuta mwezi mzima. Ningemrudisha mtoni nisingempata tena, na safari ya kwenda kumleta huyu mkaguzi wa mito asingeiweza."

"Na kwa nini mimi?"

Akamtazama, kama hakuelewa swali.

"Ni wewe peke yako uliyekuwa umefika."

Kamili alitaka kucheka. Siku tatu alikuwa ametafuta mtego mahali ambapo palikuwa na asubuhi tu, na mwanamke aliyewahi kazini.

Mwanamke wa daftari alikuwa bado hajaandika kitu. "Samaki namwona," alisema. "Lakini samaki wa kwenye ndoo anaweza kutoka popote. Haya maji umeyachota wapi, mama?"

Ahadi yake ilikuwa imekwisha. Saa sita ilikuwa imepita, samaki alikuwa mikononi mwa mwenyewe. Angeweza kusema hajui. Bwana Filimbi alikuwa ametoka mpaka langoni, akimtazama kwa macho ya karibu kumsihi. Nyuma yake vilisikika visu, vingi, kama mvua juu ya mabati.

Kichwa, mayai, mpaka mkia. Na maji yake.

"Nifuateni," alisema.

Akainua ndoo kwa mikono miwili, akaingia nayo bandani, kwani njia ilikuwa ni hiyo hiyo. Alitembea polepole, macho ndani ya maji. Meza ya kwanza kisu kikanyamaza. Ya pili kikanyamaza. Alipofika katikati, banda lote lilikuwa kimya, na alisikia aproni yake ikidondosha matone sakafuni.

Kisha nyuma yake, kandambili: pa, pa, pa. Hakugeuka. Angezijua kandambili zile hata gizani.

"Taratibu, wifi," sauti ilisema karibu na bega lake, "utammwaga."

Mkono wenye magamba ukapita mbele yake, ukiwa na kikombe. Ukazama ndani ya ndoo, ukapanda juu, ukainama; na maji yakarudi chini yakiwa na mapovu.