Dobi wa Madrid

...na bado sentensi haikai, nimeibadili mara nne tangu Jeannine, Mkongo wa saluni hii, aanze kunisuka, karatasi magotini, shingo imeinamishwa, na jioni hii lazima niitume Dar, mchapishaji kasema sura ya kwanza ikimpendeza anakichukua kitabu chote, isipompendeza basi, miaka mitatu ya kutafsiri imekwenda na maji... na mwandishi wake, bibi wa watu, keshakufa, Mhispania, aliandika miaka ya hamsini, dikteta yupo, kila muswada unapita kwanza kwa mkaguzi mwenye kalamu nyekundu, waandishi waliomtangulia walipenda maneno ya fahari, yeye na wenzake wakayatupa, wakaenda kukaa vilabuni na kando ya mito kusikiliza watu wanavyosema, ndipo akamwandika dobi huyu wa Madrid anayemngoja mumewe, na mimi nimemsemesha nini? "Nalimngojea mahabubu wangu kwa shauku isiyo kifani", dobi huyo, mikono imebabuka kwa sabuni, lo, Biubwa, una wazimu... lakini ndivyo Baba alivyonilea Unguja, barua zangu za bweni alizirudisha zimejaa masahihisho, "Sema vizuri, mwanangu, usinitie aibu", nilimpenda, nampenda mpaka leo, sitaki watu waseme binti wa mwalimu kaharibikiwa Johannesburg... "Alisema atakuya," Jeannine anamwambia Arlène wa kiti cha pili, vidole vyake havisimami kichwani mwangu, "eish, mie nikapika, nikangojea, chakula ikapola, nikakula peke yangu," na Arlène anacheka, kisha hacheki tena, na mimi kichwani nimeshamsahihisha Jeannine, neno kwa neno, haraka, kabla hata sijamwonea huruma... Mungu wangu, mkaguzi ni mimi, yale ambayo yule mkaguzi wa Madrid aliyaacha yapite nimeyakata mimi, hapa Bellevue, bila kulipwa na dikteta yeyote... naona haya, na chini ya haya naona furaha, kweli, kama mtu aliyefunguliwa dirisha, Baba atanisamehe, asiponisamehe nitamwombea dua vilevile, nafuta mstari wote, mchapishaji na aukatae ukiwa hai... "Dada Jeannine," nasema, kichwa chini, "hiyo ya chakula, niambie tena, polepole."
"Juu ya nini?" anauliza, kwao ndiyo kusema kwa nini.
"Kuna mwanamke nataka aiseme."
"Ako nasema Swahili?"
"Bado," namwambia, naye ananiinamisha shingo, anaendelea kusuka.