Zuena Arudi Kinyumenyume

Mzee Mdoe alitoka Handeni mpaka Korogwe kumwona marehemu mkewe, Zuena, kwenye sinema, maana picha yake hakuwa nayo hata moja. Alipigwa picha za filamu akielekea mtoni na mtungi kichwani, kabla wakubwa wa serikali hawajawahamishia kijiji kipya kisicho na maji wala zahanati, ambako homa ilimchukua.

Mtengenezaji wa filamu aliufuata utenzi wa kale, wa mume anayeomba siku zirudi nyuma. Basi filamu nzima akaiendesha kinyumenyume. Vumbi likashuka miguuni, Zuena akaja kwa mgongo, akakua mpaka akajaza shuka jeupe ukutani. Hakugeuka.

"Picha gani hii, kichwa chini miguu juu?" bwana mmoja wa ofisi ya serikali akacheka.

"Kijiji kizima mlikirudisha nyuma," Mdoe akamjibu, "mbona hamkucheka?"

Watu walipotoka, Mdoe alimsogelea kijana mwendesha mashine ya sinema.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Nirudishie pale pa mtungi."

"Nikuwekee kwenda mbele, umwone alivyotembea kweli?"

"Hapana, mwanangu. Hiyo naijua. Hapo anaondoka."

Akakaa benchi la mbele kabisa, kofia mapajani, akingoja.