Picha ya Kadi ya Choo

Jumamosi ya tarehe kumi na tatu Januari, ukungu ukiwa bado umelalia barabara ya Ashulia, nje kidogo ya jiji la Dhaka, mlinzi wa geti la kiwanda cha nguo alitoa simu mfukoni, akaitazama picha iliyokuwemo, akamtazama mshonaji Kohinur, akaitazama tena simu. Kisha akamwambia asogee kando. Akamfanyia hivyo Bilkis, akamfanyia Rashida mwenye mimba, na kila mwanamke aliyekuwemo kwenye ile picha. Wenzao waliingia wameinamisha vichwa, ndala mkononi, kama watu wanaopita mbele ya msiba wa mtu wasiyemjua. Geti likafungwa. Hakuna aliyepigwa, wala aliyetukanwa. Wakubwa wa siku hizi wamestaarabika: wanakuua kwa njaa, tena kwa heshima zote.

Picha yenyewe ilikuwa imerushwa na Tasnuva Haidar.

Huyo watu wa Dhaka waliijua sura yake kabla ya jina. Miaka mingi alikuwa mwanamitindo, amesimama kwenye mabango ya barabarani amevaa sari za harusi ambazo hakuna aliyemuoa nazo. Akaacha kwa sababu ya siku moja. Walikuwa wakimpiga picha ndani ya kiwanda cha nguo, cherehani zikinguruma nyuma yake, mshonaji mmoja akaanguka. Mpiga picha akamwambia, "Sogea kushoto kidogo, asionekane." Tasnuva akasogea. Kuanguka kwa yule mama hakukumuuma kama kule kusogea kwake. Tangu hapo akawa mtetezi wa wafanyakazi, anazunguka maeneo ya viwanda ya Ashulia na Savar, anakaa chini na washonaji, anasema mbele ya kamera yale ambayo wao wakiyasema wanafukuzwa.

Safari hii shida ilikuwa ni kadi. Pale kiwandani kila laini, yaani safu ya washonaji, ilikuwa na kadi moja ya mbao, imetobolewa tundu na kutiwa kamba. Unataka kwenda chooni, unaivaa shingoni. Ikiwa ameivaa mwenzako, unabana. Laini nzima ya wanawake, kadi moja. Basi wengi waliacha kunywa maji tangu alfajiri mpaka jioni, hata miezi ya joto. Mke wa mzee Motaleb, Jorina, aliishi hivyo mpaka figo zikakataa. Motaleb mwenyewe alikuwa mpiga pasi kiwandani humohumo, ghorofa ya chini, na siku ya maziko meneja alimpelekea salamu za pole na kumkata siku hiyo kwenye mshahara.

Alhamisi jioni Kohinur aliificha kadi ya laini yake ndani ya mtandio, akatoka nayo. Ijumaa, siku ya mapumziko, wakakutana uani kwao, kwenye zile nyumba za mabati ambazo vyumba vyote vina jiko moja. Wakala bisi za mchele na chai. Tasnuva aliposhika simu, wanawake wote wakavuta mitandio usoni, kwa pamoja, kama majani yaliyopigwa na upepo mmoja. Ndiyo desturi ya mikutano ile. Hupigwa migongo, hupigwa mikono. Uso haupigwi.

"Piga mikono, binti," Motaleb alisema kutoka kizingiti cha chumba chake. "Mikono haina jina."

"Ami, mikono imepigwa miaka yote. Nani aliwahi kulilia mkono?"

"Mimi. Wa mke wangu."

Kisha Bilkis, ambaye ulimi wake haukuwa na breki, akasema, "Ami naye! Kila jambo lazima kwanza atuzike!" Wakacheka, na maneno ya mzee yakafunikwa na kicheko.

Tasnuva akaona nafasi. "Nchi hii haimwonei huruma mtu asiye na uso," alisema. "Mnaona aibu ya nini? Aibu ni ya mwenye kadi."

Kohinur ndiye aliyeanza kushusha mtandio. Wengine wakafuata. Hapo Tasnuva akaingia kwenye kazi aliyoijua kuliko zote. Akawapanga, wafupi mbele, akawageuza mashavu kuelekea mlango wa bati ulikotokea mwanga.

"Videvu juu kidogo. Usiniangalie mimi, dada, angalia ule mlango. Hivyo! Mbona wazuri hivi?"

"Mume wangu akiiona hii," Bilkis alisema, "ataniuliza nimeolewa tena lini."

Hata Rashida alicheka, mkono juu ya tumbo. Kohinur akainua kadi juu kama mtu aliyeshinda kombe. Tasnuva akamtia Motaleb simu mkononi, akakimbia kusimama katikati yao. Mzee akabonyeza mara ya kwanza. Jua likaingia mawinguni, akabonyeza mara ya pili. Akairudisha simu haraka, kama mtu aliyeshikishwa kaa la moto.

Kwenye foleni ya kurudi mjini, kabla hajafika hata nusu ya njia, Tasnuva aliirusha picha mtandaoni. Usiku ule watu wakailia, wakaisambaza, wakamwita shujaa. Asubuhi yake ndipo mlinzi alipotoa simu mfukoni.

*

Mwanzoni Tasnuva alijiambia ni siku mbili tatu, watarudishwa. Lakini wakubwa hupashana habari upesi kuliko majirani wa kisimani. Kohinur alikwenda kiwanda cha pili, cha tatu, cha ng'ambo ya mto, na kila geti lilikuwa na mlinzi, na kila mlinzi alikuwa na picha ileile. Sura nzuri, inaonekana vizuri, ina mwanga wa kutosha. Tasnuva akaacha kupokea simu za waandishi. Kila aliyemsifu alimkanyaga kidonda bila kujua. Akila, anamkumbuka Rashida. Akijitazama kwenye kioo, anaona ule uso ulionona katikati ya nyuso zilizofukuzwa. Majuto ni mjukuu, wasemao husema. Kwake yeye alizaliwa siku ya pili tu, tena na meno.

Akaenda kwa meneja.

Bwana Sajjad alimpokea kwa chai na biskuti. "Dada Tasnuva! Mke wangu ana ile sari uliyoitangaza. Mpaka leo hataki kuifua."

"Nimekuja kwa ajili ya wafanyakazi wako."

"Wafanyakazi gani?"

"Walio kwenye picha."

"Ahaa." Meneja alichovya biskuti, akaila taratibu. "Sasa sikiliza, dada yangu. Wakiwa ni wafanyakazi wangu, wameiba mali ya kampuni na kutuchafulia jina kwa wanunuzi wa nje. Hilo ni la polisi. Lakini wakiwa ni waigizaji..."

"Waigizaji?"

"Umewapanga wewe, si ndiyo? Kila mtu anaona wamepangwa. Wewe ni fundi wa mambo hayo. Toka mbele ya watu useme picha ilikuwa ya kuigiza, ile kadi umeichongesha. Ukisema leo, kesho asubuhi wote wako kwenye cherehani zao. Neno langu."

"Na choo?"

"Choo kipi?" meneja aliuliza, tena kwa sauti ya mtu anayetaka kweli kuelekezwa.

Tasnuva aliondoka bila kumaliza chai. Njia nzima alipima lile neno. Akisema, wanawake watakula, na kadi itarudi shingoni mwao ikiwa imetakaswa na ulimi wake. Asiposema, atabaki na heshima yake, nao wabaki na geti. Akaona hana haki ya kuamua. Tena akaona kwamba safari iliyopita hakuwa nayo vilevile, na aliamua.

*

Aliwakuta uani. Hakukuwa na bisi wala chai. Akawaeleza maneno ya meneja bila kuyapunguza wala kuyapamba.

Motaleb alisimama. "Kuigiza? Na Jorina naye aliigiza? Alikwenda kaburini kwa kuigiza?"

"Ami, keti," Kohinur alisema.

"Sikai! Hao watu walimmaliza mke wangu kwa kipande cha mbao, leo mnataka kuwasafishia mikono?"

"Ami," Rashida alisema polepole, "mwezi ujao najifungua. Mwenye nyumba ameshanipa siku za kuhama. Nikuzalie hapo mlangoni kwako?"

Mzee alilitazama lile tumbo. Akaketi. "Mimi ndiye niliyebonyeza," alisema baadaye, akiitazama ardhi. "Nilisema mikono, halafu nikabonyeza."

Bilkis akajifuta pua kwa pembe ya mtandio. "Miye niiteni mwigizaji," alisema. "Mama mkwe ananiita hivyo tangu niolewe, na halipi chochote."

Wachache walicheka, kidogo. Wakatazamana. Kila mmoja alimwangalia Kohinur, maana yeye ndiye aliyeitoa kadi kiwandani, na ndiye angepelekwa polisi kwanza.

"Tutarudi kazini," Kohinur alisema. "Kadi nitaitafuta tena siku nyingine. Tukiwa nje hatuwezi hata kuiba." Akamgeukia Tasnuva. "Sema ulidanganya, dada. Sema hapahapa mbele ya simu, sote tusikie. Halafu umpelekee meneja."

"Nitasema," Tasnuva alijibu. Watu waliomwita shujaa wangemwita mwongo kabla ya jua kuzama, na kwa mara ya kwanza tangu ile Jumamosi alihisi kama mtu aliyeshushiwa mzigo. Akaketi kwenye kigoda ili ajirekodi. Bila kujua, kidevu kikajiinua chenyewe, shavu likageukia mlango wa bati. Akatambua. Akakishusha.

"Kwanza ifute picha," Bilkis alisema.

"Ngoja niione," Kohinur alisema. Simu yake mwenyewe ilikuwa ya vitufe, hakuwahi kuiona ile picha isipokuwa mikononi mwa walinzi. Akapokea simu ya Tasnuva, akajitazama kwa muda mrefu, mwanamke aliyeinua kadi na kucheka. "Nilipendeza," alisema. Akagusa kioo kwa kidole kilichojaa alama za sindano, na picha ikateleza, ikaja nyingine.

Ilikuwa ile ya pili, ya wakati wa wingu. Ua uleule, watu walewale. Nyuso zilikuwa kiza, hata mama mzazi asingemtambua wake. Lakini kadi, iliyoinuliwa juu ya vichwa, ilionekana wazi pamoja na tundu lake, kamba yake, na namba ya laini. Mmoja tu ndiye aliyeonekana kidogo, katikati: Tasnuva, amefumba jicho nusu, mdomo wazi, kama mtu anayetaka kupiga chafya.

"Hii ilikuwepo?"

"Ilikuwepo."

"Siku ileile?"

"Siku ileile."

Wanawake walisogea, wakainamia kile kioo kidogo. Motaleb naye akasogea. Kohinur aliitazama picha ya kiza, akairudisha ya mwanga, akaileta tena ya kiza. Hakupandisha sauti.

"Kadi inaonekana humu," alisema. "Sisi hatuonekani. Sasa dada yangu, kwa nini ulichagua ile?"