Kila Kitu Isipokuwa Kuanguka

Kwa miaka mingi, studio za Hong Kong zilipohitaji mwanamke wa kurusha mateke, jina la kwanza lilikuwa Tang Bik-wan. Alikulia katika shule ya opera ya Kichina, ambako watoto hufunzwa sarakasi na mapigano ya jukwaani, akichapwa fimbo mpaka mwili ukawa mwepesi kama utepe. Sasa magoti yalikuwa yameanza kumsumbua, na mwongozaji Poon akamletea Sit Man-yi, binti mcheza dansi ambaye hakuwahi kumpiga hata nzi, akamwomba amfundishe kupigana. Binti ndiye angekuwa nyota wa filamu. Bik-wan angecheza shangazi yake, afe mapema.

Alikubali huku moyo ukimchoma. Sura ya binti haikumuuma sana. Kilichomuuma ni wepesi wake wa kushika mambo. Teke lililomtoa Bik-wan machozi utoto mzima, Man-yi alilipata asubuhi moja, kabla ya chai ya maziwa. Mafundi wa taa waliozoea kumletea Bik-wan kiti, sasa walimpelekea mwenzake.

Basi akamfundisha kila kitu isipokuwa kuanguka.

Siku ya kuruka kutoka roshani, Man-yi alitua kwa mguu mmoja, kifundo kikavunjika. Poon hakutaka kazi ilale. Akamvisha Bik-wan nguo za binti, naye akaruka, akabiringika, akasimama. Watu wakampigia makofi, lakini kamera ilikuwa imechukua mgongo wake tu.

Kesho yake alikwenda hospitali na machungwa. Man-yi aliyapokea kwa mikono miwili.

"Dada, nasikia uliruka vizuri."

"Kawaida tu."

"Mimi hukunifundisha kutua. Ulisahau?"

Bik-wan aliitazama plasta ngumu iliyofungwa mguuni mwa binti. "Sikusahau. Nilikuonea wivu."

Man-yi alimenya chungwa polepole, akampa nusu.

"Nikipona utanifundisha," alisema. "Na usinifiche kitu tena. Nafasi yako naitaka kweli, dada, sitakudanganya."

Bik-wan alilila lile chungwa bila kuisikia ladha yake. Lakini alimfundisha: kuvuta pumzi, kulegeza mabega, kuukabidhi mwili kwa sakafu.

Mwaka uliofuata Man-yi aliruka mwenyewe kutoka paani, akatua kama paka. Bik-wan alikuwa kando ya kamera, amekunja mikono. Aliona fahari, na chini ya fahari wivu uleule, umekaa palepale. Kisha akamwendea binti, akamwambia bega la kushoto limechelewa, arudie.