Sauti ya Mama Katika Filamu za Baba

Baba yangu, Mwongozaji Ma Tae-sik, aliandika na kuongoza filamu kumi na moja, na katika zote mama yangu anafungua mdomo inatoka sauti ya mwanamke mwingine. Ndivyo walivyofanya kazi Seoul siku zile. Kamera zilipiga kelele kama cherehani, basi picha zilichukuliwa bila sauti, halafu watu wa sauti wakaja studio kuyasema maneno. Mama alitoka Hamgyong, kaskazini, na baba aliionea aibu lafudhi yake. Akampa sauti ya Bibi Eom, mmoja wa watu wale wa sauti.

Mama alikufa nikiwa na miaka mitatu. Ndugu zake wote walibaki kaskazini, upande wa pili wa mpaka. Nilikua nikimwona kwenye sinema, mzuri ajabu, akizungumza kwa sauti ya kuazima, na nilimwogopa. Nilipofika miaka kumi na tisa nilimwambia baba nataka kujua mama alisikikaje hasa.

"Mbona mimi namsikia kila asubuhi," alisema. "Yuko jikoni. 'Supu inapoa, Baba Myeong-ok.'"

"Basi niigizie."

Alijaribu, akashindwa. Tukaenda kwa Bibi Eom, aliyekaa miaka mingi akiitazama midomo ya mama. Tulimkuta akimenya vitunguu saumu.

"Umezeeka, Mwongozaji."

"Na wewe umenenepa."

"Tangu niache kula ahadi zako."

Baba alimweleza shida yetu. Bibi Eom alifuta mikono, kisha akasema taratibu, "Supu inapoa, Baba Myeong-ok."

Baba alikuwa analia. "Ndiye huyo. Myeong-ok, ndiye mama yako huyo."

"Si yeye," Bibi Eom alisema. "Ni mimi. Ulimwambia mbele ya watu kwamba laiti angezungumza kama mimi hata nyumbani. Akaja hapa kila Jumanne, miezi sita, wewe Myeong-ok ukiwa mgongoni. Nilimfundisha hata kukohoa. Ulimpata ulivyomtaka, Mwongozaji."

"Na sauti yake mwenyewe?" niliuliza.

"Alikuwa anakubembeleza nayo akishuka ngazi, akidhani simsikii. Mimi siikumbuki tena, mwanangu."

Nilimchukia baba saa ile, na hata sasa sijamaliza. Alinigeukia taratibu, machozi bado yakimtoka.

"Myeong-ok," alisema, "hukumbuki hata kidogo alivyokubembeleza?"